Haki ya Miezi Miwili

Nina swali moja jepesi. Serikali yoyote ya Afrika Mashariki ikikutendea unyama leo, ikavunja Mkataba wa Jumuiya huku unaona, una muda gani wa kufungua kesi katika Mahakama ya Haki ya Afrika Mashariki kule Arusha?

Usikisie. Miezi miwili.

Si miaka. Miezi. Na katika miezi hiyo miwili uuguze majeraha, umtafute ndugu aliyepotea, uzike, upate wakili asiye mwoga, uchangishe nauli ya Arusha. Ukija kufuta machozi, mlango umekwishafungwa. Chelewa chelewa utakuta mwana si wako, walisema wazee, lakini wazee hawakuwa na maana kwamba mtu akatazwe hata kumaliza matanga.

Sheria ya ukomo ya Tanzania humpa anayedai ardhi miaka 12. Anayedai mkataba wa biashara uliovunjwa hupewa miaka 6. Kenya nako ni hivyo hivyo. Kwa hiyo kiwanja cha futi hamsini kwa mia, miaka 12. Mgongo uliochanwa na askari, miezi miwili.

Nani alikaa chini akapiga hesabu hii? Na alikuwa na haraka ya kwenda wapi?

Anajulikana. Tarehe inajulikana. Sahihi zipo. Tatizo ni sisi, watu wa kusahau, watu wa kuambiwa "Jumuiya yetu inasonga mbele" tukapiga makofi huku tumesinzia. Wanasema aliyelala usimwamshe, ukimwamsha utalala wewe. Mimi nimeshindwa kulala. Leo nakuamsha.

Kwanza ujue kwamba mahakama ya pamoja kwetu si kitu cha juzi. Mwingereza aliiunda mwaka 1902, mahakama ya rufaa ya himaya zake za mashariki mwa Afrika, na majaji wakawa watu wake. Usiniambie ilikuwa kimbilio la mnyonge. Ndiyo iliyoitupa rufaa ya Dedan Kimathi Desemba 1956, na tarehe 18 Februari 1957 akanyongwa Kamiti. Mkoloni hakuwa na sababu ya kuiogopa mahakama ile. Ilikuwa yake, ikimsemea yeye.

Kisha ukaja uhuru. Juni 5, 1963, Nyerere, Kenyatta na Obote walitangaza kutoka Nairobi kwamba nchi zao zitaungana kuwa shirikisho moja kabla ya mwaka huo kwisha. Mwaka ukaisha. Shirikisho halikuja. Lakini mahakama ilibaki, na hapa ndipo watu wengi hawajui tulichokuwa nacho. Chini ya Mkataba wa 1967, mfanyabiashara wa Kisumu, mkulima wa Mbeya au mwalimu wa Mbale, akishindwa Mahakama Kuu ya kwao, alipanda ngazi ile ile moja hadi mbele ya majaji wale wale. Rufaa za madai, rufaa za jinai. Mahakama moja, nchi tatu.

Na ilifanya kazi. Nenda leo mahakama yoyote ya Nairobi, Kampala au Dar es Salaam umsikilize wakili anayeleta pingamizi la awali: atataja kesi ya Mukisa Biscuit ya 1969. Anayeomba zuio pale Nairobi atataja kesi ya Giella ya 1973. Zote ni hukumu za mahakama hiyo. Imekufa karibu nusu karne, na bado mawakili wanakula kwa maneno yake.

Ilikufa 1977, Jumuiya ilipovunjika. Na ilivyokufa inaniuma zaidi ya kufa kwenyewe. Wakubwa waligombea ndege. Wakagombea vichwa vya treni, meli, majengo, madeni. Ikabidi aletwe msuluhishi kutoka Uswisi, Victor Umbricht, na mgawanyo ukasainiwa 1984, miaka saba ya kuvutana. Mahakama je? Nani aliigombea? Ni mkuu gani aliyesema, chukueni ndege mniachie majaji?

Hakuna. Tanzania ilikuja kuanzisha Mahakama yake ya Rufani mwaka 1979. Kati ya hapo na hapo, mwenye kilio alingoja.

Iweke akilini hiyo. Mara ya kwanza walituulia mahakama hatukutoa hata chozi. Walijifunza kitu hapo.

Mkataba mpya ulisainiwa Novemba 30, 1999. Unasema bila kumung'unya kwamba safari hii mwisho wake ni shirikisho la kisiasa: forodha kwanza, soko la pamoja, sarafu moja, halafu dola moja. Mahakama mpya ikazinduliwa Arusha Novemba 30, 2001. Majaji wakaapishwa, picha zikapigwa, wakuu wakasifu utawala wa sheria. Miaka kadhaa ikapita bila kesi hata moja. Wakuu waliipenda sana mahakama hiyo. Jaji asiye na kesi hamsumbui mtu.

Halafu ikafika 2006.

Mkataba unataka wabunge wa Bunge la Afrika Mashariki wachaguliwe na bunge la kila nchi. Kenya haikupiga kura. Vyama vilipanga majina, yakapitishiwa kwenye kamati, yakapelekwa Arusha kama yamechaguliwa. Profesa Anyang' Nyong'o na wenzake wakaenda mahakamani: huu si uchaguzi. Novemba 27, 2006, siku chache kabla ya Bunge jipya kuanza, majaji wakatoa zuio. Majina ya Kenya yasitambuliwe mpaka kesi isikilizwe.

Majaji wa Afrika Mashariki wakaiambia serikali ya Afrika Mashariki: ngoja.

Unajua kilichofuata? Novemba 30 wakuu wa nchi walikutana, wakaagiza mahakama ipangwe upya. Desemba 14 mabadiliko ya Mkataba yakasainiwa. Hesabu mwenyewe: siku 17 tangu zuio.

Siku 17! Jumuiya hii ambayo kibali cha lori mpakani kinaweza kukupotezea wiki. Jumuiya iliyotuahidi sarafu moja ifikapo 2024, na mimi na wewe bado tunabadilisha fedha Namanga kwa vijana wa pembeni ya barabara. Jumuiya hiyo hiyo, jaji alipoiambia ngoja, ilipata mbio za ajabu. Hakuna aliyesema wananchi waulizwe. Hakuna aliyesema tuunde tume. Wanasheria Wakuu walipatikana, kalamu zilipatikana, wino ulipatikana.

Na wewe ulikuwa wapi? Ulikuwa unasubiri Krismasi.

Walichobadilisha kisome polepole, maana kimevaa nguo nzuri. Mahakama iligawanywa, ngazi ya kwanza na ngazi ya rufaa, jambo ambalo peke yake si baya. Hata mimi nalipenda. Lakini ndani ya nguo hiyo walificha kisu. Waliandika kwamba mahakama isiguse mambo ambayo Mkataba umeviachia vyombo vya nchi wanachama. Waliandika kwamba jaji wa Arusha mwenye kazi ya ujaji kwao, akichunguzwa huko kwao anaweza kusimamishwa na Arusha. Akiondolewa kwao, Arusha pia inaweza kumpungia mkono. Na mwaka 2003 Kenya ilikuwa imewasimamisha majaji wake wengi, wakiwemo waliokuwa na viti Arusha. Na mwisho, kwa utulivu kabisa, wakaandika miezi miwili.

Majaji hawakutetemeka, hilo nitawapa. Machi 2007 waliamua kesi ya Nyong'o na kusema kanuni za Kenya zilikwenda kinyume na Mkataba. Chama cha Mawakili wa Afrika Mashariki nacho kikaenda kupinga mabadiliko yenyewe, na mwaka 2008 mahakama ikasema wazi kwamba kuubadili Mkataba bila kuwashirikisha wananchi kulikuwa ni kuuvunja.

Lakini haikuyafuta. Ilisema mmekosea, ikayaacha yasimame. Nimesoma sababu zao na ninazielewa. Sikubaliani nazo hata chembe. Mwizi ukimwambia umeiba kisha ukamwachia ng'ombe, kesho atakuja kuchukua ndama.

Nirudi kwenye hilo neno shirikisho, maana linatamkwa kila siku kwenye mikutano kana kwamba ni pambo. Majaji hawa wa Arusha ndio majaji wa shirikisho letu la kesho, kama kesho hiyo itafika. Basi shirikisho lenyewe ni nini?

Mwaka 1957 huko Little Rock, jimbo la Arkansas nchini Marekani, gavana Orval Faubus aliweka askari wa jimbo kuwazuia watoto 9 weusi wasiingie shule iliyokuwa ya wazungu. Aliyemkatalia ni jaji wa shirikisho, Ronald Davies, mtu wa North Dakota aliyekuwa ameletwa pale kwa muda tu. Gavana alikasirika. Angemfanya nini? Hakumteua, hakuweza kumsimamisha, hakuweza kumkata mshahara. Rais Eisenhower akapeleka jeshi, watoto wakaingia darasani.

Sisemi Marekani ni pepo. Watoto wale walitukanwa njia nzima, na nchi ile ina majaji wake wa kuaibisha. Nasema hivi tu: shirikisho ni pale ambapo jaji kutoka kwingine kabisa anaweza kumwambia mkuu wa kwako "hapana", na mkuu wako hana simu ya kumpigia mtu amwondoe. Basi. Bendera, wimbo na pasipoti ya rangi moja ni mapambo.

Jaji wetu wa Arusha anasimamishwa kwa jambo la kwao. Anateuliwa na wakuu wa nchi kwa pendekezo la kwao. Wengi wao si wakazi wa Arusha. Wanakuja kwa vikao na kurudi kwenye kazi zao nyumbani, na vikao vyenyewe vimewahi kukwama kwa kuwa nchi wanachama hazijalipa michango. Mnataka shirikisho, au mnataka picha ya shirikisho?

Turudi kwenye miezi miwili. Nataka uone damu yake.

Mlima Elgon, Kenya. Kati ya 2006 na 2008 wananchi wa kule walisagwa kati ya kundi la wapiganaji na vyombo vya dola. Machi 2008 jeshi liliingia kwa operesheni iliyoitwa, usicheke, Okoa Maisha. Watu walikusanywa, wakapigwa, wakateswa, wengine hawakurudi. Taasisi ya Kenya inayoshughulikia waathirika wa mateso ilipeleka kesi Arusha mwaka 2010, ikisema walioteswa, kuuawa au kufungwa ovyo walizidi 3,000. Ngazi ya kwanza ikasema: tutaisikiliza. Mateso haya hayana saa.

Serikali ya Kenya ikakata rufaa. Machi 2012 ngazi ya rufaa ikaamua: mmechelewa. Miezi miwili imepita. Kesi nje.

Haikusema hayakutendeka. Haikusema serikali haina hatia. Haikuuliza hata swali moja kuhusu mtu hata mmoja. Ilitazama kalenda.

Soma tena, msomaji. Mjane wa Mlima Elgon hakushindwa kesi. Hakusikilizwa. Alikutana na kifungu kilichoandikwa haraka haraka kwa sababu wanasiasa walikuwa wamenuniana na majaji kuhusu viti vya ubunge. Wapiganapo tembo nyasi huumia; hapa tembo walikuwa wamevaa suti na nyasi zilikuwa kijijini hazijui hata kwamba kuna vita.

Waliofuata? Washukiwa wa mabomu ya Kampala ya 2010, waliokamatwa Kenya na kupelekwa Uganda bila kufuata utaratibu wa sheria. Mtu yuko jela ya nchi nyingine, anadai kutekwa kwake kulivunja Mkataba, na kila siku anayoamka mle ndani uvunjaji unaendelea. Ngazi ya rufaa mwaka 2013: mmechelewa.

Bomba la mafuta ghafi kutoka Hoima hadi Chongoleani, Tanga. Kilomita 1,443. Asasi za kiraia zilifungua kesi Novemba 2020. Novemba 2023 wakaambiwa mngekuja 2017, serikali za Uganda na Tanzania ziliposaini makubaliano. Mmechelewa.

Mkulima wa Tanga mwaka 2017 angejuaje kilichoandikwa kwenye makubaliano ya serikali mbili? Nani alimletea nakala? Unaweza kulipenda bomba au ukalichukia, mimi siligombei hapa. Lakini kesi ya bomba ikitupwa kabla ya kulizungumza bomba, kumeamuliwa nini?

Kuna wakili wa serikali mahali fulani ambaye kazi yake yote katika kesi hizi ni kuhesabu siku. Hahitaji ushahidi. Hahitaji hoja. Anahitaji kalenda ya ukutani.

Sasa sikia la pili, ambalo kwangu ni baya kuliko hilo.

Mkataba wa 1999 uliahidi kwamba mahakama itapewa siku moja mamlaka ya kusikiliza kesi za haki za binadamu, Baraza la Mawaziri litakapoona wakati unafaa. Litakapoona! Rasimu ya itifaki iliandikwa 2005. Watoto waliozaliwa mwaka ule sasa wanapiga kura, na mawaziri bado hawajaona wakati.

Majaji walijaribu kupita kwenye upenyo. Kampala, watu 16 walishtakiwa kwa uhaini. Novemba 2005 Mahakama Kuu ikawapa dhamana 14 kati yao. Askari wenye silaha wakaizingira mahakama, wakawakamata tena, wakawapeleka mahakama ya kijeshi. Mahakama ya Katiba ya Uganda yenyewe ikasema ni kinyume cha sheria. Hawakuachiwa. Wakaenda Arusha. Na mwaka 2007, katika kesi ya Katabazi, majaji wa Arusha walisema neno ambalo mimi nalihesabu kuwa la kishujaa: ni kweli hatuna mamlaka ya haki za binadamu, lakini hatutaacha kazi yetu ya kuutafsiri Mkataba kwa sababu tu ndani yake kuna haki za binadamu zilizokanyagwa. Uganda ikaonekana imekiuka utawala wa sheria.

Kwa upenyo huo huo waandishi wa habari wa Burundi walipata ushindi 2015. Kwa upenyo huo sisi waandishi wa Tanzania, Machi 2019, tulisikia jaji akisema kwamba vifungu vya Sheria ya Huduma za Habari ya 2016 vinavunja Mkataba. Nilisoma hukumu ile usiku nikiwa na hamu ya kuamka kesho yake kuandika. Kwa hiyo usinisikie vibaya. Siisemi mahakama hii kwa chuki. Naisema kwa sababu imenitetea, na nimechoka kuona anayenitetea akifungwa mikono.

Mwaka 2011 mahakama ikafika mbali zaidi, ikawaambia wakuu kwamba kuchelewesha hiyo itifaki ya kuipanua ni kuvunja kanuni za utawala bora ndani ya Mkataba. Jibu? Kimya.

Kimya mpaka Aprili 2012. Januari ya mwaka huo Mahakama ya Kimataifa ya Jinai kule The Hague ilikuwa imethibitisha mashtaka dhidi ya Wakenya wanne, Uhuru Kenyatta na William Ruto wakiwemo. Na ghafla, kwa maajabu ya Mungu, wakuu wa Afrika Mashariki wakaikumbuka Arusha! Wakaagiza iangaliwe haraka namna ya kuipa mahakama yetu uwezo wa kusikiliza kesi za uhalifu dhidi ya binadamu, tena kukiwa na pendekezo la kurudi nyuma, kwa matendo yaliyokwisha kutendeka.

Kwa kurudi nyuma! Mjane wa Mlima Elgon alikuwa ameambiwa mwezi mmoja tu kabla kwamba amechelewa.

Mkuki kwa nguruwe, kwa binadamu mchungu. Mkubwa akishtakiwa, muda unarudishwa nyuma kwa miaka. Mnyonge akishtaki, muda unakatwa kwa miezi.

Na itifaki ilipokuja kusainiwa kweli, mwaka 2015, ilipanua mamlaka ya mahakama kwenye biashara, uwekezaji na umoja wa fedha. Haki za binadamu ziliachwa nje. Mwekezaji ana mlango. Wewe una upenyo.

Utaniambia, "Lakini uhuru wa nchi! Hatuwezi kuamuliwa na majaji wa nje." Wa nje gani? Jaji wa Uganda ni wa nje Dar es Salaam, lakini ushuru wa forodha uliopangwa kwa pamoja si wa nje? Forodha tumeziunganisha tangu 2005 na hakuna aliyelia uhuru umeibiwa. Uhuru wa nchi unakumbukwa siku moja tu: siku raia anaposhinda kesi.

Ukidhani ni ugonjwa wa kwetu peke yetu, tazama kusini. SADC ilikuwa na mahakama yake Windhoek. Novemba 2008 iliamua kwamba Zimbabwe ilikosea kumnyang'anya shamba Mike Campbell na wenzake bila kuwapa nafasi mahakamani na bila fidia. Campbell alikuwa mkulima mzungu, na hilo likatumika vizuri sana: majaji wakaitwa vibaraka. Nani angemtetea mzungu mwenye shamba? Basi wakuu wakaisimamisha mahakama 2010, na 2012 wakaamua kwamba ikirudi itasikiliza serikali kwa serikali tu. Kwa kisingizio cha mzungu mmoja, milango ilifungwa kwa watu weusi kwa mamilioni, kuanzia Zambia hadi Lesotho. Tanzania ni mwanachama. Ulifungiwa na wewe. Ulijua? Mahakama ya Katiba ya Afrika Kusini ilisema 2018 kwamba Rais Zuma alivunja katiba kwa kushiriki. Mahakama Kuu ya Tanzania nayo 2019 ikalaani kitendo kile. Mahakama ya Windhoek haijafunguliwa mpaka leo.

Na hapo hapo Arusha kuna mahakama nyingine, ya Afrika nzima, ya Haki za Binadamu na Watu. Tanzania ni mwenyeji wake. Mwaka 2010 Tanzania iliruhusu raia wake waende wenyewe mbele yake. Mchungaji Christopher Mtikila akaenda, akashinda Juni 2013: kumkataza Mtanzania kugombea bila chama ni kuvunja haki yake. Mtikila alifariki 2015. Uchaguzi umekuja na kupita, mgombea binafsi hayupo. Wafungwa nao wakaenda, kwa wingi, wakilalamika kwamba walihukumiwa bila wakili. Basi Novemba 2019 Tanzania ikaondoa ruhusa ile. Siku chache baadaye mahakama ikatoa hukumu kwamba adhabu ya kifo ya lazima inakiuka haki ya uhai. Mwenye nyumba alikuwa amekwishajifungia chumbani.

Rwanda ilitangulia kujitoa 2016. Benin na Ivory Coast zikafuata 2020. Kenya haikuwahi hata kuruhusu. Kesi ya Waogiek waliofukuzwa msitu wa Mau ilifika kule kupitia Tume ya Afrika, wakashinda 2017, wakapewa fidia ya shilingi za Kenya milioni 157.85 mwaka 2022. Novemba 2023 walikuwa wanabomolewa nyumba tena.

Loliondo kwa Wamasai usiniulize. Mahakama ya Jumuiya ilitoa zuio wasihamishwe, 2018. Juni 2022 vigingi vya mipaka vikaanza kupigwa kesi ikiwa bado mezani.

Sasa Jumuiya ina nchi nane. Kongo imeingia, Somalia imeingia. Kila aliyeingia amepewa na hiyo miezi miwili, kama zawadi ya kukaribishwa. Nenda kamwambie mama wa Goma, mji ulioangukia kwa waasi wa M23 Januari 2025, kwamba kalenda yake inahesabiwa Arusha. Mwambie atafute wakili kabla ya kutafuta watoto.

Wanaharakati wameshajua mchezo. Mei 2025 Boniface Mwangi wa Kenya na Agather Atuhaire wa Uganda walikamatwa Dar es Salaam, wanasema waliteswa. Julai kesi yao ilikuwa imefika Arusha, miezi miwili haijaisha. Hao ni watu wenye mawakili, wenye majina, wenye simu zinazopokelewa. Waliwahi. Kijana wa Mbagala asiyejulikana na mtu, aliyetendewa hayo hayo wiki hiyo hiyo, angewahi?

Usinijibu kwamba mambo haya ni ya wanasheria. Ndivyo walivyokulaza 1977. Ndivyo walivyokulaza 2006. Kifungu kinaandikwa kwa lugha ya kuchosha makusudi, wewe unafungua ukurasa wa michezo, wao wanatia sahihi.

Mkataba unabadilishika, walituonyesha wenyewe, kwa siku 17. Nchi mwanachama yoyote inaweza kupeleka pendekezo. Moja tu inatosha kuanzisha. Waziri wako wa mambo ya Afrika Mashariki anaweza kuamka kesho akaandika barua ya ukurasa mmoja: futeni ukomo wa miezi miwili, sainini itifaki ya haki za binadamu, mtoeni jaji wa Arusha kwenye kamba ya nyumbani kwao. Muulize kwa nini hajaandika. Muulize kwenye mkutano wa hadhara, mbele ya kamera, akija kuomba kura.

Na una wabunge 9 katika Bunge la Afrika Mashariki, wale ambao kwa ajili ya viti vyao mahakama ilikatwa makali. Wanalipwa kwa niaba yako. Nitajie watatu.

Haya, mmoja.